Habari za Ragitaimu, na Beni ya Kariakoo

Leo twataka kusema nanyi habari za muziki mmoja uliozaliwa mbali sana na nchi yetu, jina lake ragitaimu. Labda mtasema, "Yatuhusu nini mambo ya piano ya Marekani, sisi ambao katika nyumba zetu hamna piano hata moja?" Swali hilo ni la haki, nasi tutalijibu. Lakini kwanza twawaomba mfikirie kinu.

Wanawake wawili wanatwanga katika kinu kimoja. Huyu akiinua mchi, mwenziwe anashusha, wala michi haigongani. Mapigo yao ni sawasawa, kama mwendo wa askari. Kisha mmoja wao, kwa furaha tu, anauachia mchi hewani, anapiga kofi moja, akaudaka tena kabla ya zamu yake kufika. Lile kofi halikuangukia juu ya pigo la huyu wala la yule. Limeanguka katikati, mahali ambapo sikio halikutazamia kitu. Unga hauongezeki kwa kofi lile, lakini kazi huwa nyepesi, na mtoto aliye karibu huanza kutikisa mabega.

Ragitaimu ni jambo lilo hilo, likifanywa na mtu mmoja kwa mikono miwili. Mkono wa kushoto hutwanga: sauti nene, kisha sauti za kati kwa pamoja, tena nene, tena za kati, moja mbili, moja mbili, bila kuchelewa wala kuharakisha. Huo ni mwendo wa gwaride la Kizungu, nao umetoka kweli katika muziki wa gwaride. Mkono wa kulia ndio unaopiga lile kofi. Hutangulia kidogo, au hukawia kidogo, husimama mahali pasipo pigo, na kunyamaza mahali penye pigo. Jina lenyewe lina maana ya wakati uliochanika-chanika mithili ya nguo kuukuu. Wengine walilitumia kwa dharau. Lakini nguo hiyo haikuchanika kwa bahati mbaya, ilichanwa na fundi ajuaye anachofanya.

Muziki huu ulitoka kwa watu weusi wa Marekani, wajukuu na watoto wa wale waliochukuliwa kutoka Afrika ya Magharibi na kutiwa utumwani. Kabla ya kupigwa kwa piano, namna hii ya kuvunja mapigo ilisikika katika makofi yao, katika kucheza kwao, na katika banjo, chombo chenye nyuzi na ngozi ambacho asili yake ni Afrika. Katika mwaka 1897 ragitaimu za piano zilianza kupigwa chapa. Ya kwanza ilitolewa kwa jina la mzungu wa Chicago, William Krell, mwezi wa Januari. Na mwezi wa Desemba ikatoka ya Tom Turpin, mtu mweusi wa mji wa St. Louis. Tukumbuke kwamba mwaka huo huo wa 1897, mwezi wa Aprili, ndipo amri ilipotolewa Unguja ya kuiondoa hali ya utumwa mbele ya sheria. Mambo haya mawili hayakuhusiana, ila yatusaidia kujua ni zama zipi tunazosema habari zake.

Mtu aliyeifikisha ragitaimu mahali pa juu aliitwa Scott Joplin. Alizaliwa upande wa mashariki wa Texas mwaka 1867 au 1868, miaka michache tu baada ya utumwa kukoma huko. Baba yake alikuwa mtumwa aliyepata uhuru, naye alipiga fidla. Mama yake alikuwa mwungwana tangu kuzaliwa, aliimba na kupiga banjo. Mama huyo alifanya kazi ya kusafisha nyumba za wazungu, na mtoto alikwenda naye. Mama akifuta vumbi, mtoto alijaribu piano iliyokuwamo. Mwalimu mmoja Mdachi, Julius Weiss, alimsikia akamfundisha bila kudai malipo. Sisi walimu hatuna budi kulitaja jina la mwalimu huyu, maana kwa kawaida walimu wa namna hiyo husahauliwa.

Alipokuwa mtu mzima Joplin alikaa Sedalia, mji wa reli katika jimbo la Missouri, akasoma katika chuo ambacho Wamethodisti walikijenga kwa ajili ya watu weusi, na usiku akipiga piano vilabuni. Mwaka 1899 mchapaji mmoja wa mji ule, John Stark, alikubali kuupiga chapa muziki wake uitwao "Maple Leaf Rag". Mapatano yao yalikuwa kwamba kwa kila nakala itakayouzwa Joplin atapata senti moja. Senti moja ni kitu kidogo. Lakini desturi ya siku zile ilikuwa kumpa mtunzi mweusi fedha kidogo mara moja, kisha asipate kitu tena hata wimbo wake ukiuzwa mpaka mwisho wa dunia. Nakala zikauzwa kwa maelfu na maelfu, na senti zile zikampa Joplin riziki yake.

Wasikilizaji, tuangalie hapa. Walikuwapo wapiga piano wengine wengi vilabuni, wenye vidole vyepesi kuliko vya Joplin. Walishindana usiku kucha, wakasifiwa asubuhi, na leo hata majina yao hayajulikani. Joplin alijulikana kwa sababu aliandika. Kila sauti ya mkono wa kulia na kila pigo la mkono wa kushoto aliliandika kwa alama juu ya mistari mitano, hata msichana aliyekaa maili elfu mbali naye, asiyemwona wala kumsikia, aliweza kuketi mbele ya piano yake na kuutoa muziki ule. Mwaka 1908 alitoa hata kitabu kidogo cha mazoezi ya kuwafundisha watu ragitaimu, na mara nyingi aliwaonya wapigaji wasiharakishe. Aliona uchungu sana kwamba watu waliupiga muziki wake mbio mbio kama wanaokimbizwa na nyuki.

Hayo hayakumwondolea lawama. Wakubwa wengi, wazungu na weusi, waliichukia ragitaimu kwa kuwa ilitoka vilabuni, wakasema inaharibu vijana. Mwaka 1901 chama cha wapiga muziki wa Marekani kilikata shauri kuwataka wanachama wake wasiipige. Joplin hakujibu kwa matusi. Alijibu kwa kutunga kazi kubwa zaidi. Alitunga opera, yaani mchezo ambao wachezaji huimba badala ya kusema. Ya kwanza, ya mwaka 1903, ilihusu karamu ambayo Booker T. Washington, mwalimu mashuhuri mweusi, alialikwa na Rais Theodore Roosevelt. Karatasi za opera hiyo zilipotea, na mpaka leo hapana aliyeziona. Ya pili, "Treemonisha", aliichapisha kwa fedha yake mwenyewe mwaka 1911. Habari yake ni ya msichana mweusi aliyesomeshwa, akatekwa na wachawi wa nchi yake, akaokoka, na watu wake wakamfanya kiongozi wao. Joplin alihangaika miaka mingi ili ichezwe kama ipasavyo, asifaulu. Alikufa New York tarehe 1 Aprili 1917, akazikwa katika kaburi lisilo na jina.

Sasa na turudi kwetu pwani.

Katika miaka ile ile ya 1890, Joplin alipokuwa Sedalia, vijana wa Lamu na Mombasa walikuwa wakifanya kazi kama yake bila kumjua, wala yeye hakuwajua. Walikuwa wamewasikia wapiga tarumbeta wa Sultani wa Unguja, na wa manowari za Kiingereza, na wa Freretown, kijiji kilichoanzishwa na wamisheni karibu na Mombasa mwaka 1875 kwa ajili ya watumwa waliookolewa. Baadaye, upande wetu wa Tanganyika, waliwasikia wapigaji wa askari wa Kidachi. Vijana hawa walichukua ngoma kubwa ya gwaride, mavazi, vyeo na kupanga mistari, wakavitia katika ngoma za kwao zilizokuwa na mashindano tangu zamani. Wakauita mchezo wao beni. Mguu ulitwanga moja mbili kama askari, lakini wimbo ulikuwa wa ngoma: mwimbishaji akitoa shairi, kundi likiitikia, na mabega yakijibu mapigo ambayo mkuu wa gwaride hakuyaamuru. Ulikuwa ni mkono wa kushoto na mkono wa kulia, ila kwa miguu na tarumbeta.

Mjini Dar es Salaam beni ilikuwa imeenea kabla ya vita vya 1914, na vyama vilivyojulikana kuliko vyote vilikuwa viwili, Marini na Arinoti. Kila kimoja kilikuwa na Kingi wake, majenerali wake, makapteni wake, na wanawake wenye vyeo vyao. Mtu aliyekuwa mchana mpagazi au boi wa nyumbani, jioni alikuwa afisa mwenye ukanda na fimbo. Mgeni aliyefika mji asioujua, akiwa mwanachama, alipata mahali pa kulala. Aliyekufa mbali na kwao alipata wa kumzika.

Vita vilipokuja, beni iliingia kambini. Waingereza waliuteka mji wa Dar es Salaam mwezi wa Septemba 1916. Wadachi walikuwa wamejenga jumba la soko upande wa magharibi wa mji, ng'ambo ya uwanja wa Mnazi Mmoja, na Waingereza wakapafanya mahali pale kambi ya wapagazi wa jeshi lao. Kundi la wapagazi hao liliitwa kwa Kiingereza "Carrier Corps", na ulimi wa Kiswahili ukalifanya Kariakoo. Kwa hiyo kila mtu asemaye leo, "Naenda Kariakoo kununua nyanya," anawataja bila kujua wale watu waliobeba mizigo ya vita, na maelfu kwa maelfu yao hawakurudi kwao. Waliorudi walichukua beni pamoja nao, mpaka Nyasaland, mpaka Rhodesia ya Kaskazini, mpaka Kongo.

Na katika vita hivyo hivyo, mwanzo wa mwaka 1918, kikosi cha askari weusi wa Marekani kilishuka Ufaransa, na kiongozi wa tarumbeta zao alikuwa James Reese Europe, mtu mweusi wa New York. Wafaransa walikuwa wamezoea gwaride lao wenyewe. Wakasikia gwaride lililochanika-chanika, wakashangaa, wakalipenda. Hivyo mtoto wa ragitaimu, ambaye sasa alianza kuitwa jazi, akavuka bahari kwa buti za askari, kama vile beni ilivyosafiri kwa miguu ya askari na wapagazi wa kwetu.

Baada ya vita mitaa ya Kariakoo ilinyoshwa na kujaa nyumba za Waswahili, zenye ukumbi katikati na vyumba huku na huku: mtaa wa Msimbazi, wa Swahili, wa Kongo, wa Sikukuu. Wakaja watu kutoka kila upande, Wazaramo, Wamanyema, Wanyamwezi, Wangoni, Wayao. Na katika mitaa hiyo, katika miaka ya 1920, beni ilipigwa kwa nguvu, nayo ikapata adui watatu kwa mara moja. Serikali iliishuku kwamba ni siasa iliyofichwa ndani ya ngoma. Mashehe waliiona kuwa upuzi na ubadhirifu. Misheni ziliwakataza Wakristo. Sisi tuliolelewa katika misheni tulirithi lawama hiyo pamoja na vitabu vyetu, na si haki kusema kwamba haikuwa na sababu hata kidogo. Mashindano ya karamu yaliwafilisi watu. Mtu alitoa mshahara wa miezi ili chama chake kisitiwe aibu na chama cha pili. Hayo ni kweli. Lakini wale waliolaumu hawakuutazama muziki wenyewe. Waliona mtu mweusi amevaa koti la afisa, wakacheka au wakaogopa, kila mtu kwa tabia yake. Sikio hawakulitumia.

Katika miaka ya 1930 vijana waliosoma, makarani na walimu, walianza kuiona beni kuwa mambo ya wazee. Walitaka dansi, mume na mke wakishikana, foksitroti na waltz. Foksitroti yenyewe ilianza Marekani kwa muziki wa ragitaimu, karibu na mwaka 1914. Hivyo ile ragitaimu ambayo hatuna habari ya mtu aliyeipiga katika mitaa yetu, iliingia Kariakoo kwa mlango wa nyuma, ndani ya santuri, kwa jina la mjukuu wake. Mwaka 1932 kikaanzishwa kikundi cha Dar es Salaam Jazz Band. Msidhani kwamba walipiga jazi ya Marekani. Neno jazi kwetu lilikuja kuwa na maana ya kundi lolote la dansi, na kwa miaka mingi baadaye likaendelea hivyo: Morogoro Jazz mwaka 1944, Western Jazz mwaka 1959. Badala ya piano walikuwa na gitaa, banjo, mandolini na ngoma. Banjo ile iliyotoka Afrika ya Magharibi kama mtumwa, ilifika Afrika ya Mashariki kama bidhaa ya dukani.

Tangu mwaka 1933 zilianza kuuzwa Afrika santuri zenye herufi GV, nyingi zikiwa na nyimbo za Kuba, nazo zilipendwa kupita kiasi. Sababu haikuwa fumbo. Watu wa Kuba nao ni wajukuu wa Afrika, nao walikuwa wamefanya kazi ile ile ya kutia kofi katikati ya mapigo. Sikio la mtu wa Kariakoo lilimtambua ndugu yake kabla hajajua nasaba. Salum Abdallah wa Morogoro alikiita kikundi chake Cuban Marimba, ingawa kutoka Morogoro mpaka Kuba ni safari ya nusu dunia.

Basi sasa twafika katika jambo lililotutia kusema nanyi leo. Vitu viwili vilizaliwa wakati mmoja, ragitaimu na beni, na vyote viwili vilidharauliwa. Mwaka 1970 mpiga piano mmoja wa Marekani, Joshua Rifkin, alifungua karatasi za Joplin, akazipiga polepole kama alivyoagiza mwenyewe, akazitia katika santuri. Mwaka 1972 "Treemonisha" ikachezwa jukwaani kwa ukamilifu wake, mtunzi akiwa amekufa miaka 55. Mwaka 1973 filamu iitwayo "The Sting" ikatumia muziki wake, na dunia nzima ikauimba. Mwaka 1974 kaburi lake likawekwa jiwe lenye jina. Mwaka 1976 akapewa heshima ya Pulitzer. Mambo haya yote yaliwezekana kwa kuwa karatasi zilikuwapo. Ile opera yake ya kwanza, ambayo karatasi zake hazipo, haikufufuka.

Na beni ya Kariakoo? Twajua vyeo vyake, twajua mavazi yake, twajua hata hofu ya maafisa, maana maafisa waliandika taarifa na kuziweka katika majalada. Mwaka 1975 mwanahistoria Terence Ranger alitoa kitabu kizima juu ya ngoma hii, na taarifa kama hizo zilimfaa sana. Lakini hakuna taarifa inayotuambia wimbo ulipanda wapi na kushuka wapi, wala ngoma ndogo ilijibuje ngoma kubwa. Zile nyimbo zilizotungwa kwa ajili ya kumshinda adui wa Jumapili moja, zilikufa na Jumapili yake. Kwa Siti binti Saad wa Unguja twamshukuru Mungu, kwa sababu mwaka 1928 alikwenda Bombay kuimba mbele ya mashine, na sauti yake tunayo. Kingi wa Marini hakuna aliyempeleka Bombay.

Wengine watasema kwamba ngoma hazikutungwa ili ziandikwe, na kwamba kuiandika ngoma ni kuikausha kama samaki. Neno hilo lina ukweli ndani yake. Samaki mkavu si sawa na mbichi. Lakini mwenye njaa hamkatai, na aliye mbali na bahari hana mwingine.

Kazi yenyewe si rahisi. Chuoni kwetu tuliwaambia wanafunzi wa ualimu kwamba wakati wa likizo kila mmoja alete wimbo wa wazee wa kwao. Kijana mmoja wa pwani ya Ziwa Nyasa alileta wimbo wa mganda, ngoma ambayo ni mtoto wa beni, na huko wachezaji huvuma katika vibuyu vinavyoigiza sauti ya tarumbeta. Maneno aliyaandika vizuri, kwa wino, beti zote. Tulipomwuliza sauti, alisimama akaiimba. Tulipomwambia aiandike, alishika chaki akatutazama. Na kijana huyu tangu darasa la tatu alikuwa akiimba nyimbo za kanisa kwa do, re, mi zilizoandikwa ubaoni. Hakuwahi kufikiri kwamba herufi zile zaweza kuchukua wimbo wa babu yake. Tulikaa naye mchana mzima. Do na re zilikubali upesi. Yale mapigo yaliyoanguka katikati ndiyo yaliyotushinda mara tatu, tukafuta, tukaanza tena, mpaka mmoja wetu akaenda jikoni kuazima kinu na michi miwili.

Karatasi ile iko chuoni. Katika mistari yake kumi na minne, miwili hatuna hakika nayo, nasi tumeiwekea alama ili mwenye sikio bora airekebishe. Mwenye wimbo wa beni, au wa mganda, au wa ngoma yoyote ambayo vijana wa kijiji chake hawaipigi tena, na aketi na mtoto wa shule mmoja ajuaye do, re, mi.

Kabla ya kuagana mtausikia "Maple Leaf Rag". Hii si santuri ya mpigaji wa siku hizi. Mwaka 1916 Joplin mwenyewe aliketi mbele ya piano, na upigaji wake ukatiwa katika karatasi kwa matundu. Karatasi hiyo ikitiwa katika piano ya namna yake, vibao hushuka vyenyewe. Alikuwa mgonjwa, na mwaka uliofuata akafa. Sikilizeni mkono wa kushoto: mahali pengine unasita, nao wa kulia unaungojea.